Kaleb na Kilima cha Mama Mkwe

Kaleb bado yu hai, na tushukuru, maana angekuwa amekufa jina lake lisingetamkika na habari hii yote ingebidi isimuliwe kwa kuonyeshea kidole. Aliyetangulia ni mama mkwe wake. Jina la marehemu limelazwa, kwa hiyo humu ataitwa Bibi, basi. Kaleb mwenyewe hilo halimpi shida hata kidogo. Jina la huyo mama hakuwahi kulitamka hata siku moja kwa miaka thelathini na minane, na uso wake hakuwahi kuutazama, ndivyo ilivyo adabu ya mkwe kwetu.

Alizaliwa Ntaria, katikati ya jangwa, katika misheni ya wale wachungaji wa Kijerumani waliotuachia nyimbo za sauti nne na majina kama Klotilda. Kabla ya kushika brashi alikuwa mchunga ng'ombe wa mabwana. Kwa maelezo yake mwenyewe, hapakuwa na mpanda farasi wa kumfikia kutoka Ntaria hadi baharini, na bahari iko mbali kiasi kwamba hakuna aliyekwenda kuulizia. Farasi mmoja mwekundu hakukubaliana na maelezo hayo. Alimrusha juu ya mawe mwaka 1974, mguu ukavunjika mahali pawili, na Kaleb akalala miezi minne chini ya kibanda cha matawi akilalamika mchana kutwa. Mjomba wake, aliyekuwa mchoraji wa rangi za maji, alichoka kumsikiliza. Akamwekea kifuani karatasi nene, kopo la maji na brashi moja iliyonyonyoka, akamwambia, "Chora, unyamaze."

Akachora, ila kunyamaza hakunyamaza.

Watu wa mijini walimpenda upesi. Kwanza alilowesha karatasi yote na kupaka mbingu, kisha milima ya mbali kwa buluu iliyofifia, kisha majabali mekundu ya karibu, na mwisho mkalitusi mweupe pembeni. Shina la mkalitusi hakulipaka kitu. Alizunguka pembeni mwake kwa rangi, akaiacha karatasi ibaki nyeupe, na mti ukasimama pale unang'aa. "Sifa zake zote zimetokana na mahali ambapo hakufanya kazi," Klotilda, mke wake, huwaambia wageni, na Kaleb hucheka kwa upande mmoja wa mdomo.

Picha zake zilikwenda mbali. Moja ilining'inizwa kichwa chini miaka minne katika benki fulani, na wateja wakaisifu kwa ziwa lake. Kwetu hakuna ziwa.

Lakini hata awe maarufu namna gani, alichora nchi mbili tu: ile ya baba yake, na ile ya baba wa mama yake. Kuchora mlima wa mtu bila ruhusa ni sawa na kuingia jikoni kwake na kufunua chungu. Wapo waliojaribu. Mmoja alivimba mkono, mwingine alinyang'anywa picha na mashangazi sita mbele ya duka, na huyo wa pili ndiye aliyepata adhabu kubwa.

Sasa Bibi. Alikaa nyumba ya jirani, upande wa machweo, chini ya kivuli cha mabati alichojengewa na mwanawe Wilfred. Kaleb alikaa upande wa mawio, ameyapa machweo mgongo. Baina yao palikuwa na hatua kumi na mbili na adabu yote ya mababu. Alimjua mkwewe kwa kikohozi, kwa mgongano wa fimbo na kopo la chai, na kwa harufu ya tumbaku. Bibi akisimama, Kaleb alijua kabla mbwa hawajajua. Siku moja walikutana dukani, na duka lina mlango mmoja. Kaleb alikaa saa nzima nyuma ya magunia ya unga huku Bibi akichagua biskuti, na inasemekana Bibi alijua, ndiyo maana akachagua polepole.

Basi macho ya Bibi yakaanza kuingia ukungu. Daktari wa mjini akasema jicho la kushoto limekwisha, na la kulia lina mwaka mmoja, labda miwili. Bibi akarudi nyumbani, akanywa chai yake siku mbili. Siku ya tatu akamwita binti yake.

"Klotilda."

"Naam, mama."

"Nataka kukiona kilima cha baba yangu kabla sijafungwa pazia."

Kilima hicho kiko kusini-magharibi, mbali, ng'ambo ya vilima vya mchanga. Bibi alikiacha akiwa msichana, mwaka wa ukame, familia yake ilipotembea kwa miguu hadi misheni kufuata unga. Wote aliotembea nao wamekufa. Wilfred hajawahi kufika. Klotilda hajawahi kufika. Njia ilikwishaliwa na mafuriko. Katika dunia nzima uso wa kilima kile ulibaki ndani ya jicho moja la kulia, nalo lilikuwa linafungwa.

"Mama, tutafikaje huko?" akauliza Klotilda. "Wewe na hayo magoti?"

"Nani kasema kufika? Huyo mwanamume wako si mchoraji? Tunaambiwa kila siku yeye ndiye mchoraji. Mwambie akichore."

Kaleb, hatua kumi na mbili kutoka pale, mgongo umeelekezwa kwao, alisikia kila neno. Lakini maneno ya mkwe hayajasikika mpaka yaletwe. Akasubiri. Klotilda akajikongoja hadi kwake.

"Mama anataka ukichore kilima cha babake."

"Ala!" akasema Kaleb, ameshangaa kama mtu aliyepigiwa simu. "Kilima kipi?"

"Usinichezee, baba Rahel. Umesikia."

"Sijasikia chochote. Mwambie siwezi kuchora nisichokiona."

Klotilda akarudi hatua kumi na mbili. Kabla hajafungua mdomo Bibi akasema, kwa sauti ya kufika hadi barabarani, "Mwambie miaka yote hii ananisikia bila kuniona na hajapungukiwa kitu. Akichore kwa masikio."

Ndivyo ilivyoanza kazi ile. Wiki mbili Klotilda alikwenda na kurudi akiwa amebeba kilima kipande kipande. Kilikuwa na umbo la mbwa mwitu aliyelala, pua juu ya miguu, kichwa upande wa mawio. Kilikuwa na ufa mwekundu ubavuni. Chini ya ufa palikuwa na mikalitusi mitatu, wa katikati umeinama. Kaleb aliuliza wekundu gani: wa damu mbichi au wa kutu? Klotilda akaenda. Wa kutu asubuhi, wa damu jioni. Kaleb akauliza miti iko mbali kiasi gani na ufa? Klotilda akaenda. Kufikia siku ya tano akawa anatembea na kiti.

"Miguu imeniisha," akasema. "Hamwezi kupigiana kelele moja kwa moja mara moja tu, Mungu afumbe macho?"

"Klotilda!" wakasema wote wawili, kwa pamoja, kila mmoja akitazama upande wake.

Swali moja tu Kaleb hakuuliza. Mchoraji yeyote, hata mbovu, huanza nalo: mtazamaji amekaa wapi? Lakini kuuliza hivyo kulikuwa kuuliza mama mkwe alikuwa akikaa wapi alipokuwa msichana, akilala wapi, moto wake uliwashwa wapi. Mkwe hamuulizi mkwe mambo kama hayo, hata kwa mdomo wa mwingine. Kaleb alilimeza swali na kubahatisha. Aliwahi kusikia kwamba wazee walipita huko na ngamia kwa upande wa kaskazini, basi akajiweka kaskazini. Akakipaka kilima kwa siku tatu. Alipomaliza akakaa nacho kwa mbali, akakipenda, akamwita shemeji yake Wilfred aje kushuhudia.

"Wilfred, ona. Sijawahi kufika huko. Unaona? Sijawahi kufika!"

"Naona, shemeji," akasema Wilfred. "Inaonekana kabisa kwamba hujafika."

Klotilda akaipeleka. Bibi aliishika picha karibu na pua, akaipitisha mbele ya jicho la kulia polepole, kutoka pembe hadi pembe, kama mtu anayekagua kitambaa dukani. Kisha kikatoka kicheko. Kilianza chini kabisa, kikapanda, kikageuka kikohozi, kikarudi kuwa kicheko, mbwa wakaanza kubweka.

"Jamani! Kichwa kipo mawio, sawa. Ufa upo. Miti ipo. Lakini kasimama wapi huyu? Kasimama kaskazini! Huko ufa hauonekani, huko hakuna kitu! Klotilda, mume wako amechora matako ya kilima, kisha akayabandika macho na mdomo!"

Habari ilifika Ntaria kabla ya jua kuzama, na baada ya siku mbili ilikuwa imefika mjini. Vijana wakawa wakimpita Kaleb wanamuuliza leo anachora upande gani. Yeye, aliyekuwa na jibu kwa kila mtu tangu azaliwe, akaanza kupita nyuma ya duka. Kilichomuuma hasa hakikuwa kicheko. Usiku ule, alimwambia mkewe baadaye, alihesabu: karibu wiki tatu zimeliwa katika mwaka mmoja wa jicho lile.

Asubuhi akamwendea Wilfred. "Toyota yako inatembea?"

"Inatembea ikisukumwa, shemeji."

"Basi tutaisukuma."

Waliondoka wanne, na namna walivyokaa ndani ya gari ile haijawahi kufundishwa katika shule yoyote ya udereva. Wilfred kwenye usukani, Kaleb pembeni yake. Nyuma, kwenye bodi, Klotilda na Bibi juu ya magodoro, wameelekea walikotoka, na mbwa wawili. Kioo cha kutazamia nyuma kiligeuzwa hadi kikawa kinaonyesha paa. Vioo vya pembeni vilifungwa soksi.

"Nikigongwa kutoka nyuma nitajuaje?" akauliza Wilfred.

"Mama ataona," akasema Kaleb.

"Mama haoni!"

"Basi mbwa."

Bibi ndiye aliyeongoza njia. Alikuwa akimuuliza Klotilda mchanga umekuwa na rangi gani, majani ya mulga, ule mti wa jangwani, yamesimama au yameinama, na akijibiwa anagonga bati kwa fimbo: mara moja kushoto, mara mbili kulia. Mara tatu ilikuwa chai. Walilala njiani siku mbili, wakala mkia wa kangaruu na mkate wa majivuni, Kaleb akiwa kwenye moto wake wa peke yake kama mkoma. Siku ya tatu mchana fimbo ikagonga mfululizo, haikuacha. Wilfred akazima gari. Bibi alikuwa amenusa maji.

Hapo ndipo palipokuwa na kazi. Mgeni hafiki kwenye maji ya watu hivi hivi. Mwenye mahali lazima amwite kwa wazee waliolala humo, amtaje, amnyunyizie maji ya kinywani mwake ili harufu yake ijulikane, la sivyo ataugua. Na mwenye mahali alikuwa Bibi. Kwa Wilfred na Klotilda halikuwa jambo. Bibi akasimama ukingoni, akawaita wakubwa kwa lugha ya babake, sauti yake imekuwa ya msichana.

"Wazee wangu! Ni mimi, nimerudi, nimechelewa. Huyu Wilfred, mwanangu, msimdhuru, mnene tu lakini mwema. Huyu Klotilda, miguu inamuuma, mtulizieni. Na huyu..."

Fimbo yake ikachimba mchanga. Kaleb, nyuma ya Toyota, uso kwenye gurudumu la akiba, alisubiri. Kumtaja haiwezekani. Kumtazama haiwezekani. Na asipotajwa, hawezi kusogea hata hatua moja kwenda kwenye kilima.

"Na mwingine yupo," Bibi akasema. "Mnamwona nyinyi, mimi simwoni. Yule anayekula kwa Klotilda."

Wilfred akakaa chini kwa kucheka.

"Ana mguu mmoja mzima na mmoja nusu. Hana adabu na farasi. Maneno yake mengi, myapunguze mkiweza. Lakini mgongo wake naujua miaka yote hii, hajawahi kugeuka. Mpokeeni."

Akajaza maji kinywani, akayahamishia kwenye kopo, akampa binti yake. Klotilda akaenda hadi kwenye gurudumu akamnyunyizia mumewe kichwani, na kwa kuwa naye alikuwa anacheka, nusu yalimwingia masikioni. Kaleb hakujipangusa.

Alikaa kusini ya kilima, penye majivu meupe ya zamani yaliyokuwa yamezama mchangani. Hakuna aliyemwonyesha, na hakuuliza. Bibi alikaa hatua thelathini nyuma yake, anatazama kule kule alikotazama mkwewe, ingawa alichokiona yeye kilikuwa wekundu usio na ukingo. Siku ya kwanza Kaleb hakupaka hata tone.

"Anafanya nini?" Bibi akauliza.

"Amekaa tu, mama. Brashi bado kavu."

"Mpelekee chai. Mwambie kilima hakijawahi kumkimbia mtu."

Siku ya pili alianza kabla ya jua kupanda na akamaliza jua lilipokuwa likishuka. Alikinga karatasi kwa kofia yake isiingie mchanga. Hakusema neno siku nzima, na Wilfred anaapa hilo ndilo jambo la ajabu kuliko yote katika safari ile.

Klotilda akaibeba hatua thelathini. Bibi akaileta picha puani. Jicho likaingia kwenye pembe, likatembea. Likapita mkiani kwa mbwa mwitu, likapanda mgongo, likashuka kwenye ufa. Likakaa hapo. Likaenda kwa miti, ambayo sasa ilikuwa miwili, na kisiki.

"Ule ulioinama umeanguka?" akauliza taratibu.

"Umeanguka, mama. Mchwa wameula."

"Ehe." Akaweka ukucha juu ya karatasi, bila kuigusa hasa. "Hapa ndipo baba aliponishusha begani. Hapa, kwenye kivuli hiki. Tazama, amekiweka na kivuli."

Akatazama tena mpaka jua likaisha na jicho likashindwa. Klotilda akauliza, "Nimwambie nini, mama?"

"Mwambie hakuna kosa." Kisha akamshika mkono. "Hapana, ngoja. Usimwambie. Atavimba kichwa, na gari ni dogo."

Hatua thelathini si nyingi jangwani jioni, upepo ukiwa umelala. Kaleb alikuwa akiosha brashi zake. Aliziosha kwa muda mrefu mno kwa brashi tatu.

Jicho lile lilidumu miezi kumi na tisa. Kila asubuhi Bibi aliitoa picha chini ya godoro, akaileta puani, akasafiri. Lilipofungwa kabisa aliendelea kuitoa, akawa anamwelekeza mjukuu wake Rahel aisome kwa sauti: sasa uko wapi? Kwenye ufa, bibi. Shuka. Kwenye miti. Kaa hapo kidogo. Rahel alikuwa mwanamke mzima mwenye watoto wawili na kazi kliniki, lakini alikuwa akichelewa kazini kwa sababu ya kilima.

Bibi alipofariki, vitu vyake vilifanywa inavyostahili. Blanketi, fimbo, kopo la chai, nguo, vyote motoni, ili asivutike kurudi. Mama mmoja wa kizungu wa kituo cha sanaa alikuja na gari mbio mbio, amesikia habari za picha ile, akamsihi Klotilda aiache, akasema ndiyo kazi bora kuliko zote alizowahi kufanya Kaleb.

"Ndiyo bora," akasema Klotilda. "Ndiyo maana ni yake." Akaiweka juu ya blanketi.

Kaleb aliitazama ikijikunja. Wanaume wawili walisogea karibu naye, wakidhani ataanguka. Yeye akasema tu kwamba mbingu huwa inaungua mwisho, kwa sababu ina maji mengi, na huo ulikuwa uongo mtupu.

Wakaihama nyumba ile, kama ilivyo desturi, wakapiga kambi upande wa pili wa mto mkavu. Mwezi wa nne huko, siku ya Jumamosi, Rahel akaketi chini na karatasi ya baba yake. Hakuwahi kuchora kabla. Akailowesha, akapaka mbingu, kisha bila kusita akaanza mbwa mwitu aliyelala, kichwa upande wa mawio, kutoka kusini. Ufa. Miti miwili. Kisiki. Kaleb alisimama nyuma yake na mikono mgongoni, na kwa mara ya pili katika maisha yake alijaribu kuwa mtu asiye na la kusema. Alifaulu karibu dakika moja.

"Kijani cha nini hicho?"

"Nyasi, baba."

"Hakuna nyasi pale. Mimi nimefika, wewe hujafika. Pale ni mchanga."

"Mvua imenyesha mwaka huu."

"Hata ikinyesha! Kilima kile ni chekundu. Nilikaa pale siku mbili nzima, mchanga machoni..."

"Baba Rahel," akasema Klotilda kutoka kwenye moto, bila kuinua kichwa, "kilima ni cha mama, kisha changu, kisha chake. Wewe ulikuwa mgeni, tukakunyunyizia maji. Mwache mwenye kilima aoteshe nyasi."

Kaleb akachuchumaa karibu. Akamtazama binti yake akichovya brashi katika kijani kingine tena, kibaya zaidi, na kukipaka kwa ujasiri hadi chini ya ufa. Kisha akaenda, kwa mguu wake mzima na ule wa nusu, kumtafutia maji safi ya kuoshea.